Bakuli la Pili

Kwa miaka mingi pale Tanga, mwigizaji mmoja wa filamu wa Kijapani alisema kwa kinywa changu mimi. Hakunijua, na kama angenisikia nadhani angenipeleka mahakamani. Lakini muulize mtu wa rika langu aliyewahi kuingia banda la video la nyuma ya soko, atakuapia kwamba bibie yule alikuwa Mswahili, tena Mtanga hasa, mwenye ulimi wake. Ulimi ule ulikuwa wangu. Sasa niko Hodge Hill, Birmingham, nyumba ya pembeni karibu na kituo cha basi, na ulimi wenyewe hauna kazi.

Mume wangu ndiye aliyeianza kazi hiyo. Filamu ya kigeni inawekwa, sauti yake inashushwa, na yeye anakaa kando ya televisheni, kipaza sauti mkononi, anawasemea watu wa ndani kwa Kiswahili. Mchina akirusha teke, yeye ndiye anayetukana. Mhindi akipenda, yeye ndiye anayebembeleza. Alikuwa na sauti nene iliyotoka chini kabisa, sauti ambayo ikikuambia "njoo" unajikuta umeshasimama. Mimi ilinisimamisha, ndiyo maana nikaolewa. Lakini wanawake hakuwaweza. Aliwasemea kwa kubana pua, watu wakacheka palipostahili kilio. Siku moja nimempelekea chakula, nikashindwa kuvumilia. "Mwanamke gani huyo analia kama mbuzi?" nikasema mbele za watu. Akanisogezea kipaza sauti. "Haya, lia wewe." Nikalia. Banda zima likanyamaza, na kuanzia hapo wanawake wote wa duniani wakawa wangu.

Kipaza sauti kilikuwa kimoja, kwa hiyo tulikaa tumebanana, yeye kulia kwangu, goti lake la kushoto limegusana na langu. Zamu yangu ikifika alinisukuma kwa goti. Yake ikifika nilimsukuma mimi. Hatukuwa na makaratasi wala mazoezi, tulikuwa na magoti tu, na hatukuwahi kukosana.

Bibie alitufikia ndani ya katoni. Shemeji yangu, kaka yake mume wangu, alikuwa mpishi wa mtaalamu mmoja wa Kijapani aliyekuja kushughulika na mashamba ya mpunga. Mkataba ulipokwisha, Mjapani akagawa vitu vyake: huyu neti, yule jiko, shemeji katoni ya kanda za video. Shemeji akatuletea mbio, akidhani ni karate. Tukaweka ya kwanza. Mwanamke anauza miavuli, mvua inanyesha, hakuna anayempiga mtu. Tukaweka ya pili. Mwanamke yuleyule, sasa anawamiminia wanaume vinywaji na macho yake yako kwingine. Ya tatu, yuleyule, mtoto mgongoni. Katoni nzima ilikuwa ya mwanamke mmoja. Kumbe yule Mjapani wetu mpole, aliyekuwa akila peke yake na kulala mapema, alikuwa na mtu wake.

Mwenye banda alitaka kanda zile azirekodie mpira juu yake. Mume wangu akamwambia, "Subiri kwanza. Uso ule haujasema neno, na mimi nimeshajua anataka nini." Ilikuwa kweli. Alikuwa na uso ambao ukiutazama unakujaza maneno, na mimi maneno sikuwahi kupungukiwa.

Kijapani hatukujua hata salamu. Juu ya kanda palikuwa na maandishi yale yao, ambayo kwetu yalikuwa mapambo. Basi tukazipanga filamu kwa kuangalia uso wa mwenyewe: penye shavu la utoto ikawa sehemu ya kwanza, penye mkunjo tukaisogeza mbele, penye mvi tukaiweka mwisho. Halafu tukaziunga zote zikawa hadithi moja, maisha ya mwanamke mmoja tangu usichana hadi uzee. Mumewe katika kila filamu alikuwa mwanamume mwingine, lakini hilo halikumshinda mume wangu. Mara alisema bwana amenyoa, mara ameugua surua ukubwani. Alipotokea mmoja mnene, akatangaza kwamba bwana alikwenda Mombasa na sasa karudi. "Mombasa kuna chakula!" watu wakapiga kelele.

Kilichotusumbua ni kimya cha bibie. Alikuwa na kawaida ya kukaa dirishani akitazama mvua, na mpiga picha naye akamwacha. "Watu hawakutoa kiingilio kuja kumwona mtu anatazama mvua," mume wangu alinong'ona, na kunisukuma kwa goti. Nikamjazia. Nilimpa mama mkwe mwenye hila, jirani mwenye kijicho, shoga asiyeweka siri. Kila alipoinama, na Wajapani kuinama hawachoki, nilimtafutia shikamoo ya kumwamkia mtu. Wanawake walikuja na leso zao za kulilia, na sokoni wakaniuliza mimi, sio mume wangu, kama yule mtoto amepona.

Ile tuliyoiweka mwisho ndiyo iliyopendwa kuliko zote. Mwanzoni mwanamume anaondoka na mkoba, treni inampokea. Kisha tunamwona bibie miaka na miaka akitia nguo rangi kwenye mapipa, mikono imekuwa ya buluu. Mwisho amezeeka, yuko katika nyumba yenye milango ya karatasi, anapika wali. Anaandaa meza fupi. Anapakua bakuli lake. Kisha anapakua bakuli la pili upande wa pili, analirundika mpaka linakuwa kichuguu, na katikati ya wali anasimamisha vijiti vya kulia, viwili, wima. Anakaa. Anaongea na upande ule mtupu kwa muda mrefu sana, anatabasamu. Picha inahamia mlangoni, inabaki hapo, na filamu inakwisha.

Tulibishana nyumbani wiki nzima. Yeye alidhani bibie amerukwa na akili. Mimi nikamwambia mwanamume hajui chakula isipokuwa kukila. "Asiyekuwapo na lake halipo," nilimwambia, "na akihurumiwa sana huwekewa chake chini ya kawa. Kile kimefunikwa? Hakikufunikwa. Kinatoka moshi, kimerundikwa, na vijiti vimeshasimamishwa vinangoja mkono. Mwenye chakula yuko mlangoni anavua viatu." Akanitazama, akacheka, akasema nimemshinda. Nilikuwa na uhakika kama ninavyojua jina langu. Katika nyumba zetu zote, kawa juu ya sahani maana yake ni fulani hajarudi, na sahani iliyo wazi ina mlaji wake.

Basi tukaimalizia hivyo. Picha ilipofika mlangoni nilimsukuma goti, naye hakusema upesi. Aliwaacha watu wangoje mpaka unasikia wanavyopumua. Kisha, kwa ile sauti yake ya chini, akasema: "Mke wangu, nimefika. Usifunike." Banda lililipuka. Wanaume wazima walirusha kofia. Kila Idi tuliombwa kuirudia, na hakuna aliyechoka kumsikia yule bwana akirudi.

Tulipohamia huku, yeye akitangulia na mimi nikifuata na watoto, kanda hazikuja. Ilikuja sentensi. Yeye alipata kazi ya kupanga mboga katika ghala, mimi kwa dobi mkubwa kule Aston, tunakofua mashuka ya hoteli, na siku za mechi nakosa hata pa kusimama ndani ya basi. Jioni alipofungua mlango wa mbele alisimama palepale kwenye zulia, baridi imemfuata ndani, akasema: "Mke wangu, nimefika. Usifunike." Nami nikapakua. Watoto wetu, ambao Kiswahili wanakisikia chote na wanakujibu kwa Kiingereza chote, hiyo waliisema kwa ufasaha kuliko sala. Ghalani yeye hakuongea. Kiingereza kilimtia haya, mtu aliyewasemea wafalme na majambazi, akaona bora anyamaze kuliko kuongea kama mtoto. Msimamizi wake alikaa naye miaka akidhani ni bubu. Nikilikumbuka hilo sasa nataka kumpiga mtu.

Kwa sababu bubu alikuja kuwa kweli. Asubuhi moja alikuwa anafunga kamba za viatu, akaniita, au alitaka kuniita, na kilichotoka hakikuwa neno. Kiharusi kilichukua mkono wa kulia, mguu wa kulia, na maneno yote. Hujafa hujaumbika. Hospitali walifanya waliyoweza, wakamrudisha nyumbani na kitanda chao cha chuma, tukakiweka sebuleni pale palipokuwa na kochi kubwa.

Akawa anakuja dada mmoja anayewafundisha watu kusema upya, msichana mpole mwenye picha kwenye kadi. Kikombe. Mbwa. Ufunguo. Anamwonyesha, anamngoja. Mume wangu anaitazama picha, ananitazama mimi, machozi yanamtoka. Nilichukia kikombe kile. Siku moja yule dada akaniambia, na binti yangu akanifasiria, kwamba wako wagonjwa wasioweza kutamka hata neno lakini yale waliyoyashika kwa moyo zamani yanatoka yenyewe: wimbo, sala, kuhesabu. Tukajaribu Alhamdu. Midomo ilicheza, sauti haikuja. Yule dada akauliza, je, hakuna kitu kingine alichokisema mara nyingi sana maishani, kitu ambacho kilikuwa kinatoka bila yeye kufikiri?

Niliachia kicheko, wakaniona nimechanganyikiwa. Mfa maji haachi kutapatapa. Nikajisemea, nikimwekea filamu ile, nikamsemea bibie wangu mpaka mlangoni, nikamsukuma goti, sauti ile itatoka. Sikutaka zaidi. Sikutaka atembee wala ashike kijiko. Nilitaka kuisikia mara moja.

Binti yangu mkubwa anakaa Kingstanding, na kila Jumapili anakuja. Nikamweleza filamu, nyumba ya karatasi, mikono ya buluu. Akaitafuta kwenye simu wiki mbili tatu, mara anioneshe huyu, mara yule. Wote siye. Kisha Jumapili moja akaingia hajavua hata koti.

"Mama, nimempata. Ni huyu, isn't it?"

Alikuwa yeye, mwavuli mkononi. Mwili wote ulinisisimka, kama mtu aliyekutana na ndugu stendi.

"Na maisha yake yote yako hapa," akasema. "Unataka ni-read?"

Nikamwambia asome. Nilijua maisha yake, mimi ndiye niliyemtungia, lakini nilitaka kuona wao wamesema nini.

Alizaliwa katika mji wa wafinyanzi, baba yake akichoma vigae vya kuezekea. Utotoni kazi yake ilikuwa kubeba mbao za vigae vibichi begani kuvipeleka tanurini, na kigae kibichi hakitaki mtu wa papara. Watu wa filamu walipokuja kupiga picha mjini kwao, walihitaji msichana wa kusimama nyuma bila kutikisika. Wakamwona. Wakaenda naye. "It says, kila director alipenda how still she was," binti yangu akasema. Nikajisikia vibaya kidogo. Utulivu ule ndio ulikuwa kazi yake, kazi aliyoisomea kwa bega, nasi tuliuona kama shimo la kuziba.

Filamu ya mwisho haikuwa ya mwisho. Hilo lilinikata zaidi. Aliicheza akiwa bado mbichi, hajafika hata umri wa binti yangu huyu, nywele zimepakwa unga, mikunjo imechorwa kwa kalamu. Ilikuwa kilele chake. Baada ya hapo kampuni yake ikafa, watu wakabaki nyumbani na televisheni, na yeye akaenda huko kwenye televisheni kuwa mama wa nyota. Kisha mama mkwe. Kisha bibi wa jirani anayeingia na sinia la chai na kutoka. Akaonekana kwenye tangazo la dawa ya kuchua magoti. Aliolewa mara moja, bwana akaondoka na hakurudi. Mara yake ya mwisho mbele ya kamera alipewa sentensi moja, sentensi yenyewe ikamtoka kichwani, wakairudia mpaka jua likazama, ndipo wakampa mtu mwingine aiseme. Alimalizia siku zake katika nyumba ya wazee, hatambui uso wake kwenye picha.

"Sentensi gani?" nikamuuliza.

"Haisemi, Mama."

"Wameandika dawa ya magoti, wameacha sentensi!"

"Mama, I didn't write it."

Mimi nilimpa uzee wa heshima mwanamke yule, na bwana mlangoni. Nikamtazama mume wangu kitandani. Alikuwa anasikiliza, jicho moja linachuruzika. Nikamwambia binti yangu afunge hiyo habari na aweke filamu.

Tukamkalisha baba yake kwenye kiti cha mikono, mto upande wa kulia asianguke. Nikavuta stuli nikakaa kushoto kwake kama zamani, goti kwa goti. Sauti ya Kijapani nikaishusha. Binti yangu akakaa nyuma yetu. Chini ya picha kulikuwa na maandishi ya Kiingereza, sikuyajali, hayo yalikuwa ya binti yangu.

Treni ilipoondoka na yule bwana nikafungua kinywa. Nilidhani nimesahau. Hakuna nilichosahau. Mama mkwe alikuja, jirani alikuja, shoga asiyeweka siri alikuja na umbeya wake wote, na sauti yangu, ambayo Aston inatumika kuuliza mashuka mangapi, ikarudi kuwa sauti ya msichana. Palipokuwa na mvua niliona kidole chake cha kushoto kinagonga mkono wa kiti. Mvua ilikuwa yake siku zote, aliipiga kwa kucha juu ya kipaza sauti. Nikasema, ya Rabi, anakuja.

Bibie akapika. Akapakua bakuli lake. Akapakua la pili, akarundika, akasimamisha vijiti. Nikamwambia yule bwana asiyeonekana mambo yote niliyomwambia siku zote, kwamba mikono imekuwa ya buluu lakini mwenye mikono ni yuleyule. Picha ikahamia mlangoni.

Nikamsukuma goti.

Alisikia. Nataka watu wajue kwamba alisikia na alijua ni zamu yake. Akavuta pumzi, kidevu kikapanda, shingo ikatoa mishipa. Nikaona anaitafuta huko chini ilikokuwa inakaa. Mlango wa karatasi ulikuwa mbele yetu, umefungwa. Tukangoja, kama tulivyokuwa tukiwangojesha watu. Kisha pumzi ikamtoka puani, bure, na goti lake la kushoto, lile zima, likanisukuma.

Alinirudishia zamu. Aliniambia, sema wewe.

Sikuweza. Ningeisema kwa sauti gani? Nikabana pua? Filamu ikakwisha bila mtu kurudi nyumbani. Nyuma yetu binti yangu alikuwa analia, na mimi nikadhani analia kwa ajili ya baba yake.

"Mama," akasema, "huyo husband hakuwa anarudi."

"Harudi vipi? Bakuli lake lile pale."

"No, listen. Amekufa. Amekufa kwenye ile train, mwanzo kabisa, they tell her mapema tu. Zile chopsticks zikisimama hivyo kwa wali, kule kwao ni chakula cha maiti. They only do it for the dead. Alikuwa anamuaga, Mama. Hayo maneno yote, anamuaga."

Kwanza nilicheka. Nilicheka sana, nikashika mbavu, nikamwambia mume wangu, "Baba watoto, unasikia? Tulikuwa tunamfufua marehemu! Tena kila Idi!" Sisi maiti hatuwapakulii chakula. Tunawasomea, tunawalisha walio hai. Ningejuaje? Nani Tanga nzima angejua? Mamia ya watu walimpigia makofi maiti anavua viatu mlangoni, na hakuna hata mmoja aliyeona kaburi lililosimamishwa katikati ya wali. Nikageuka nimwone kama naye anacheka. Alikuwa ananitazama. Uso wake hauwezi tena kuficha wala kupamba, upande mmoja umelegea, na katika ule upande uliobaki niliona kwamba ameelewa kuliko nilivyoelewa mimi. Kicheko kikanikauka.

Tangu siku ile alishuka. Sisemi filamu ndiyo iliyomshusha, daktari alisema ilikuwa njiani. Chakula kikawa kinapita njia ya hewa. Kifua kikajaa, akalazwa, akarudi na mpira tumboni, na pembeni ya kitanda mashine ndogo inayomtilia uji wa kopo. Kuhusu kusema, yule dada wa picha alikuja kuaga. Hakusema haiwezekani, hawapendi neno hilo. Alikusanya kadi zake, kikombe, mbwa, ufunguo, akamshika mkono muda mrefu. Nami sikumuuliza kitu. La kuvunda halina ubani.

Asubuhi na jioni anakuja mhudumu, mama wa Kikongo mwenye mikono ya nguvu, anamgeuza, anamsafisha, anamwita Papa. Mara ya kwanza aliponikuta nimeshika kijiko cha mchuzi karibu na mdomo wake alinidaka mkono.

"Hapana, Maman. Docteur alikataza. Usimupatie kitu kwa kinywa, ataziba pumuzi."

"Ni mchuzi tu. Aonje."

"Najua, Maman. Mie pia nilikuwaka na bwana." Akanitoa kijiko mkononi taratibu. "Umupikie wewe ukule. Yeye atasikia harufu."

Basi napika ili asikie harufu. Ijumaa iliyopita nilipika wali wa nazi na samaki wa kukaanga, samaki kutoka kwa Msomali wa huku juu. Mhudumu alikwishaondoka, mashine inakoroma, mvua iko dirishani na hakuna wa kuipiga kwa kucha. Nikapakua. Mkono wangu hauna akili, miaka yote hii unapakua sahani mbili, na nilipoingia sebuleni nilikuwa nazo zote mbili. Nikaweka yangu. Nikaweka yake kwenye meza ya kitanda, wali umerundikwa anavyoupenda, moshi unapanda.

Nikarudi jikoni kuchukua kawa. Niliileta kutoka Tanga, inaning'inia msumarini juu ya friji, ukili wake umeanza kukatika. Nikasimama nayo juu ya sahani. Nikiifunika, ni kumwambia chako kipo, utakula ukirudi. Hatarudi. Huko alikokwenda na sauti ile harudi mtu, na mimi nimejua hivyo tangu goti liliponisukuma, nikawa nazunguka na sahani nyumbani humu nikijifanya sijui.

Alikuwa macho. Akaitazama sahani, akaitazama kawa, akanitazama. Nikampa muda, kama ule aliouchukua siku zote kabla ya kusema. Mlango wa mbele haukufunguka, wala hakuna aliyesimama kwenye zulia. Nikairudisha kawa msumarini, nikakaa upande wa pili wa kitanda, kama bibie mezani pake, nikaanza kula changu. Chake sikukifunika.